Nusu Saa Iliyopotea Kati ya Chimala na Uyole

Juzi nilikwenda Uyole kununua viazi, nikapita kumsalimia binti mmoja anayepanga safari za malori. Ana ofisi yake ndogo, kompyuta moja na simu mbili. Akanionyesha gari lake lilipo: kidoti chekundu kinatambaa kwenye ramani kama siafu aliyeshiba. Pembeni pameandikwa kasi ya wastani, arobaini na saba. Nikamuuliza, "Hiyo arobaini na saba imetoka wapi?"

"Bibi, imetoka kwenye mfumo."

Nikamwambia sawa, hata viazi vimetoka kwenye gunia, lakini kuna mtu alivilima.

Hakucheka. Nikanunua viazi vyangu, nikavihesabu, nikavihesabu tena, nikarudi nyumbani. Njiani nikaamua kuandika haya kwa ajili yake na kwa ajili yenu wenzake, nyie vijana mnaopanga safari za magari ya mizigo. Kazi hiyo nimeifanya miaka ishirini na mmoja. Mara ya kwanza nilipohesabu nilipata ishirini na miwili, nikagundua kuna mwaka nimeuhesabu mara mbili kwa sababu ulikuwa mgumu. Tumwombe Mungu msiupate wa namna hiyo, ila mkiupata, uandikeni mara moja tu.

Sikuzaliwa na ratiba mkononi. Nilianza kwa kuuza nyanya kando ya barabara pale Ilula. Baba yangu alitoka Tanga kuja kufanya biashara Iringa, akaoa Mhehe, akasahau njia ya kurudi. Pale Ilula basi linasimama dakika mbili, tatu zikizidi. Dirisha linafunguka, mkono unatoka, sauti inauliza ndoo bei gani. Ukitaja bei, abiria anataja nusu yake, tena kwa uso wa mtu anayekuonea huruma. Dereva anapiga honi. Hakuna nafasi ya hotuba. Unasema neno moja tu, "Tukutane katikati," ndoo inapanda, hela inashuka, basi linaondoka. Kwa neno hilo nilijenga vyumba viwili na kuviezeka bati. Nikaamini kwamba hakuna jambo duniani lisilo na katikati.

Mmoja wa wateja wangu alikuwa Alhaji Twaha, mfanyabiashara wa Mbeya mwenye magari matano aina ya Fuso. Yeye hakununua kwa ndoo, alinunua kwa kreti, na kila alipokuja tulibishana mpaka wapita njia wanakaa chini. Siku moja akafuta jasho akasema, "Rehema, nimechoka kushindwa na wewe. Njoo Mbeya unishindie wengine." Tukabishana kuhusu mshahara, tukakutana katikati, nikahama.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Magari yanachukua nyanya Ilula, yanapita Iringa, Mafinga, Makambako, Chimala, yanashusha Uyole kwa wanunuzi wanaopeleka mpakani. Kurudi yanabeba viazi na mchele. Mimi nakaa Mbeya na daftari, najua kila gari liko wapi. Najuaje? Kwa bipu. Nyie mna kidoti chekundu, sisi tulikuwa na bipu. Dereva akipita mahali tulipokubaliana, anapiga simu yangu, inalia mara moja, anakata kabla sijapokea. Hakuna vocha iliyotumika, hakuna neno lililosemwa. Mimi natazama jina na saa, naandika. Bipu ya kwanza ni kutoka Ilula, ya pili Mafinga, ya tatu Makambako, ya nne Chimala, ya tano Uyole. Nilizijua bipu za madereva wangu kama mama anavyojua kikohozi cha wanawe. Kulikuwa na mmoja bipu yake ililia ndefu, karibu nipokee. Huyo alikuwa anachelewa kukata kwa sababu mkono mmoja uko kwenye muhogo.

Kuna ujanja mdogo wa kazi niwape hapa kabla sijasahau. Dereva akikwambia "niko karibu," usimuulize bado kilomita ngapi. Muulize anaona nini kulia kwake. Akisita, hayuko karibu. Pili, foleni ya mzani iandike peke yake. Kusimama si mwendo wa polepole, ni kusimama, na ukivichanganya utamlaumu dereva kwa kosa la foleni. Tatu, polisi wenye tochi wakimkamata dereva wako kwa kasi, usiulize kwanza faini ni kiasi gani. Uliza alikuwa anakimbilia nini. Mara nyingi utakuta anakimbilia kitu ulichoandika wewe.

Hilo la tatu nililinunua kwa bei kubwa, na bei yenyewe nusura alipe mtu mwingine. Jina lake Ambakisye.

Ambakisye alikuwa Mnyakyusa wa kutoka milimani upande wa Rungwe, mwimbaji wa kwaya, sauti nzito, maneno machache. Ukimuuliza habari za safari anakwambia "nzuri," hata kama ameacha tairi mbili porini. Katika madereva watano wa Alhaji, yeye ndiye aliyekaa muda mrefu kuliko wote. Alikuwa na watoto wanne shuleni na mkewe alikuwa amejifungua wa tano.

Sasa Alhaji akaanza kusikia maneno sokoni kwamba madereva wa watu wanasimama porini wanauza dizeli kwa madumu. Hakuwa na ushahidi kwamba wake wanafanya hivyo, lakini tajiri hahitaji ushahidi ili akose usingizi. Akaniambia, "Rehema, nitengenezee jedwali. Kila kipande cha njia, muda wake. Atakayezidisha muda, huyo amesimama. Akisimama, anauza."

Nikawaita madereva wote watano uani kwa Alhaji, wakakaa juu ya makreti matupu. Tukaanza kuulizana mwendo wa kila kipande, wakiwa na mzigo. Vipande vingi havikuwa na ugomvi, mwendo ni ule ule mwanzo mpaka mwisho. Makambako nikawapa nusu saa ya chai, maana pale baridi inaingia mpaka kwenye meno. Shida ikaja kwenye kipande cha mwisho, Chimala mpaka Uyole, tulichokuwa tunakihesabu kilomita sitini. Nusu ya kwanza ni tambarare ya Usangu. Nusu ya pili ni kupanda, kona juu ya kona, na mbele yako kuna malori ya Zambia yanayopanda kama yanabembelezwa.

"Tambarare mnakwenda ngapi?" nikauliza.

"Sitini," wakasema.

"Na mlimani?"

"Ishirini," akasema Ambakisye.

"Ishirini ni mwendo wa trekta, kaka."

"Ni mwendo wa Fuso lenye kreti mia mbili, Da Rehema. Njoo usukume uone."

Wakacheka. Na mimi nikafanya nilichokuwa nafanya maisha yangu yote. Nikasema, "Sitini na ishirini. Haya, tukutane katikati. Arobaini." Kilomita sitini kwa mwendo wa arobaini ni saa moja na nusu. Nikaandika saa moja na nusu. Wanne wakaitikia kwa vichwa, wakaona wametendewa haki. Katikati ina sura ya haki. Ambakisye peke yake akabaki anaangalia chini.

"Mlima bado haujakubali," akasema.

"Mlima hauna saini hapa," nikamjibu, na uani kukawa na kicheko kikubwa. Nilijiona nimesema jambo la maana.

Nilihesabu mara mbili, mjue. Sitini kujumlisha ishirini, themanini, gawa kwa mbili, arobaini. Nikarudia, ikatoka arobaini. Jioni nikarudia kwa penseli nyingine. Leo nawaambieni: ukirudia kosa lile lile mara mbili hujalihakiki, umeligonga muhuri.

Jedwali likabandikwa ukutani. Wiki ya kwanza na ya pili wote wakachelewa kipande kile, nikawagombeza. Wiki ya tatu wanne wakanyooka. Chimala bipu, saa moja na nusu baadaye Uyole bipu, kama saa ya msikitini. Ambakisye hakunyooka. Yeye kila safari alizidisha nusu saa, wala si dakika ishirini na tano wala thelathini na tano. Nusu saa kamili, kwenye kipande kile kile chenye vichaka vya kuficha dumu.

Nikampelekea Alhaji daftari. Naandika haya mkono ukiwa mzito, lakini ndivyo ilivyokuwa: mimi ndiye niliyelipeleka. Akaangalia bipu za mwezi mzima akasema, "Wanne wanaweza, mmoja hawezi. Huyo mmoja anafanya nini nusu saa kila safari?"

"Mafuta hayapungui isivyo kawaida, Alhaji. Nimepima."

"Mwizi mzuri ndiye asiyeonekana," akasema. "Ijumaa baada ya swala anirudishie funguo. Alhamisi panda naye kutoka Ilula, uone kwa macho yako anasimama wapi, nisije nikamdhulumu mtu."

Nyie hamjui maana ya dereva kurudisha funguo kwa sababu ya mafuta. Njia ile kuanzia Iringa mpaka Tunduma, habari inakwenda kasi kuliko gari lolote, na haipandi mlima. Kufika Jumatatu hakuna tajiri ambaye angempa Ambakisye hata baiskeli.

Alhamisi nikapanda. Nimejifunga kanga mbili, nina daftari, kalamu mbili na saa ya mkononi niliyoilinganisha na redio alfajiri. Ambakisye akaniangalia akasema, "Kamwene, Da Rehema." Salamu ya Kihehe, kwa heshima ya upande wa mama yangu. Halafu akauliza, "Umekuja kunilinda au kunichunga?"

"Nimekuja kuangalia mandhari."

"Mandhari iko dirishani. Wewe unaangalia saa."

Makambako tukasimama, akanywa chai yake, nusu saa aliyopewa, akaitumia yote. Chimala tukapita saa nne kamili asubuhi. Akabonyeza simu, ya kwangu ikalia mapajani, akakata.

"Mimi niko hapa hapa, kaka."

"Kazi ni kazi," akasema.

Tambarare alikwenda sitini, mshale wa kasi haukutetereka. Saa nne na nusu tukaanza kupanda. Na hapo, wanangu, nikaelewa kwa mara ya kwanza kwamba mimi sijawahi kupanda mlima ule ndani ya gari lenye mzigo. Nilikuwa nimeupanda kwa basi, nimelala. Gari lilinguruma kwa gia ya chini mpaka kalamu ikacheza kwenye karatasi. Mbele yetu lori la Zambia, mbele ya lori la Zambia lori jingine. Mwenye baiskeli alishika mnyororo wa nyuma ya gari letu, akavutwa kona tatu, kisha akaachia akapiga pedali mwenyewe, nadhani kwa kuchoshwa na mwendo wetu. Ambakisye hakusimama. Nilimkazia macho yeye, nikaikazia macho saa, nikakagua vichaka vyote. Hakuna dumu wala mtu wala kusimama. Tukafika Uyole saa sita kamili mchana.

Saa mbili. Jedwali linasema saa moja na nusu.

Nusu saa imepotea na mimi nimo ndani ya gari, nimeikodolea macho, na sikuiona ikishuka.

Wapakuaji wakaanza kushusha kreti. Ambakisye akanipeleka kwa mama mmoja muuza chai, akaagiza chai mbili na viazi vya kuchemsha. Mimi nilikuwa napekua daftari kama mtu aliyepoteza tiketi. Yeye akamenya kiazi taratibu, ganda likatoka refu, moja.

"Da Rehema, mlima tumeupanda kwa muda gani?"

"Saa nne na nusu mpaka saa sita. Saa moja na nusu."

"Na jedwali linanipa muda gani kutoka Chimala mpaka hapa?"

"Saa moja na nusu."

Akakitia kiazi chumvi.

"Basi ile tambarare ulitaka niipite saa ngapi?"

Nilihesabu. Nikahesabu tena. Mlima peke yake ulikuwa umekula muda wote niliompa. Kilomita thelathini za Usangu alitakiwa azipite bila kutumia hata dakika moja. Hata angekuwa na ndege, hata angekuwa na sala ya mtume, asingeweza. Nilikuwa nimemwandikia mtu muda ambao haupo, nikampelekea tajiri wake jina lake kwa sababu hakuupata.

"Kwa nini hukuniambia?" nikamuuliza.

"Nilikwambia siku ile uani. Ukasema mlima hauna saini."

"Na baada ya siku ile?"

"Baada ya siku ile nilikwambia kila safari. Nikifika Chimala nakubipu nikiwa Chimala. Nikifika Uyole nakubipu nikiwa Uyole. Wewe ulikuwa unaandika tu, husomi."

Kisha likanijia swali ambalo lilipaswa kunijia mwezi mzima nyuma.

"Sasa wenzako wanne wanafikaje kwa saa moja na nusu?"

Ambakisye hakuwa mtu wa kuchoma wenzake. Akanywa chai mpaka ikaisha, akafuta mdomo. "Siku moja waulize," akasema, "chai ya Makambako ina ladha gani."

Ilinichukua muda wa kumenya kiazi kimoja. Wale wanne walikuwa hawanywi ile chai. Wanapita Makambako moja kwa moja, wanafika Chimala nusu saa mapema, wanaipita kimya kimya, na nusu saa baadaye, wakiwa wameshamaliza tambarare na wanautazama mlima, ndipo wananipigia bipu ya Chimala. Kwenye daftari langu wakaonekana watakatifu. Aliyekunywa chai yake na kubipu pale alipo, huyo ndiye akaonekana mwizi.

Kabla sijawapeleka Ijumaa, niwape hesabu yenyewe, maana wengine mtaishia hapa mkiona simu imelia.

Kasi ya wastani haipatikani kwa kuchanganya kasi na kugawa. Inapatikana kwa kuchukua njia yote na kuigawa kwa muda wote. Basi. Kilomita sitini, saa mbili, thelathini kwa saa. Sio arobaini. Ukiwa na vipande vitano vyenye mwendo tofauti, kwanza tafuta kila kipande kimekula muda gani, yaani umbali wake gawa kwa mwendo wake. Jumlisha muda. Jumlisha umbali. Halafu ndipo ugawe, mara moja, mwishoni. Mwenye haraka ya kugawa mwanzoni ndiye mimi.

Mtaniuliza, ile arobaini yangu ilikuwa ya uongo kabisa? Hapana, ilikuwa imekosea mlango. Kama Ambakisye angekwenda saa moja kwa sitini na saa moja kwa ishirini, angefika kilomita themanini kwa saa mbili, na wastani wake ungekuwa arobaini sawasawa. Katikati ipo pale mlipogawana muda sawa. Sisi tuligawana kilomita. Ukigawana kilomita, kipande cha polepole kinakaa mezani muda mrefu na kula zaidi, kama mgeni asiye na haraka. Kwa hiyo jibu sahihi siku zote litalalia upande wa polepole. Ukipata jibu lililo katikati kabisa kwa njia yenye mlima, ogopa.

Nyie mna bahati. Kidoti chenu kinaona kila dakika, hakinywi chai, hakina woga. Dereva mkweli wa leo hahitaji kungoja mtu apande naye. Lakini kidoti hakiwezi kumuuliza aliyepanga muda: ulitaka tambarare ipitwe saa ngapi? Hilo mtauliza nyie. Tena mnaweza kuliuliza vizuri kuliko nilivyoweza mimi, kwa sababu nyie mmesoma na mimi nilikuwa na shingo ngumu.

Ijumaa Alhaji alitoka msikitini akakaa barazani kwake, kanzu nyeupe, funguo za akiba za gari la Ambakisye ziko mezani mbele yake. Madereva watano wako kwenye benchi uani. Nikaingia peke yangu.

"Shikamoo, Alhaji."

"Marahaba. Kaiba hakuiba?"

"Hakuiba. Nimeiba mimi."

Akaweka tasbihi chini. "Umeiba nini?"

"Nusu saa. Kila safari, tangu jedwali lianze." Nikamweleza. Akasikiliza, akakunja uso.

"Rehema. Sitini na ishirini. Katikati yake si arobaini?"

"Ni arobaini."

"Basi?"

"Alhaji, ukienda msikitini kwa pikipiki na kurudi kwa miguu, muda wako mwingi unautumia wapi?"

"Kwenye miguu. Tena na magoti haya, wote."

"Kwa hiyo mwendo wako wa siku hiyo unafanana na pikipiki au na miguu?"

Akafikiri. "Na miguu."

"Na gari ni hivyo hivyo. Tambarare lilikaa nusu saa, mlimani saa moja na nusu. Mlima una kura tatu, tambarare ina moja. Mimi nikawapa kura sawa."

Akaegemea mbele kwa ile sura ninayoijua ya mtu anayenunua kreti. "Haya. Mwongeze robo saa. Tukutane katikati."

Nilitaka kucheka, nikashindwa, maana aliyekuwa amekaa pale mbele yangu ni mimi mwenyewe, na ndevu. "Alhaji, mlima haupunguzi bei. Robo saa atakayokosa ataitafuta kwenye kona, na kreti zako mia mbili zikiwa juu."

Hapo alielewa. Zilipotajwa kreti alielewa haraka. Halafu akafika mwenyewe nilipoogopa afike. "Kwa hiyo wanne wanaowahi wananidanganya?"

"Wanabipu kwa kuchelewa, ndiyo."

"Niwafukuze wanne, nibaki na mmoja?"

"Uongo huo nimewafundisha mimi, Alhaji. Wiki mbili za kwanza walisema kweli, nikawagombeza. Ukimdai mtu muda usiopo, atakutengenezea."

"Na wewe nikufanye nini?"

"Ukitaka nifukuze. Ila niache kwanza nirekebishe jedwali, maana atakayekuja ataanza na arobaini."

Akazungusha zile funguo mezani kwa kidole. "Nikikufukuza utarudi Ilula," akasema, "na mimi nyanya nanunua Ilula. Twende uani."

Uani madereva wakasimama. Alhaji hakuomba radhi, hakuwa na kipaji hicho. Alimpa Ambakisye funguo za akiba mkononi, mbele ya wote, azitunze mwenyewe. Kilichobaki kilikuwa changu. Nikasema kwa sauti, ili hata wapakuaji wasikie, "Kaka Ambakisye, hukuuza mafuta wala hukusimama. Hesabu ilikuwa yangu na kosa ni langu. Nakuomba radhi."

"Ndaga," akasema. Asante kwa Kinyakyusa. Ndivyo alivyosema, akaziweka funguo mfukoni. Wenzake wanne walikuwa wanaangalia viatu vyao. Hakuna aliyewasema. Nilichofanya ni kubandua lile jedwali ukutani, na Alhaji akamkabidhi Ambakisye kipande cha chaki.

"Andika wewe," akamwambia. "Chimala mpaka Uyole, na mzigo."

Ambakisye akaandika ukutani, herufi kubwa za mtu wa darasa la saba: SAA 2. Akarudi nyuma hatua moja, akaangalia. Akasogea tena, akaongeza: NA DAKIKA 5.

"Hizo za nini?" Alhaji akauliza.

"Za kukojoa, Alhaji. Tangu jedwali lianze najibana."

Mmoja kwenye benchi akacheka, wa pili akafuata, mwisho uani wote, hata wale wanne. Alhaji akafungua mdomo. Nilikuwa naufahamu mdomo ule, ulikuwa unakuja kusema dakika mbili. Akaangalia ukuta, akamwangalia Ambakisye juu mpaka chini, akaufunga.

"Andika kumi," akasema.

Ambakisye akafuta tano kwa kiganja, akaandika kumi.